Jembe la Bibi kwenye Ghala la Masomo

Isansa,
9 Februari 2025

Mjomba Lusubilo,

Kabla ya shikamoo naomba niseme jambo ambalo sijamwambia mtu yeyote, hata Brenda anayelala kitanda cha juu yangu. Maandalio ya somo ya walimu wa hapa naandika mimi. Siyo yote, ni ya walimu wanne. Nayaandika tangu nikiwa kidato cha kwanza, na sasa niko cha tatu.

Shikamoo sasa, Mjomba. Natumaini wewe na Bibi hamjambo na miguu yake imepata nafuu. Mimi ni mzima. Mama alikuja siku ya wazazi, akaleta karanga na sukari. Yuko salama ila sauti imemkauka kwa kuita wateja. Siku hizi akinisalimia anaanza na mulishani kabla hajakumbuka kuwa mimi ni mwanawe, siyo Mzambia aliyefuata vitenge Tunduma.

Ilianza na mwandiko. Mwalimu Edson, anayefundisha Historia ya Tanzania na Maadili, aliona daftari langu akasema mwandiko kama huu usikae bure. Akanipa maandalio yake ya mwaka uliopita niyanakili, nibadilishe tarehe tu. Wenzake watatu wakaona. Wewe ni mwalimu, unajua kila shule wenye mwandiko mzuri hupewa kazi hiyo, na hakuna anayeiita kazi. Mwaka jana ukaja huu mradi wa Ghala la Masomo. Kila mwalimu ana akaunti yake. Anaandaa somo kwenye kishikwambi au kompyuta, analipakia, na mwalimu wa mbali anaweza kulipakua, akalirekebisha kwa ajili ya darasa lake, akalitumia. Ukisoma maelezo yake ni jambo zuri. Ningekuwa mwalimu ningelipenda. Hawa wetu wameligeuza jalala.

Siku hizi sinakili tena, napakua. Natafuta mada, nachagua andalio lenye nyota nyingi, nafuta jina la shule ya watu naweka la kwetu. Wiki iliyopita nilisahau kubadilisha idadi. Andalio la Mwalimu Edson likasema ana wanafunzi 118, na sita kati yao hawaoni. Darasa lina 42 na wote wanaona vizuri, wanamwona hata yeye anavyosinzia. Mwalimu wa taaluma akapiga muhuri na kuandika pembeni: "Safi. Umezingatia mahitaji maalumu."

Kinachonichefua zaidi ni tathmini. Ile sehemu ya mwisho, ambayo mwalimu anatakiwa aandike baada ya kipindi ni wangapi wameelewa. Mimi naijaza Jumapili mchana, ya wiki nzima. "Asilimia 95 ya wanafunzi wamefikia lengo." Kipindi chenyewe ni Alhamisi. Alhamisi iliyopita Mwalimu hakuja, alikwenda Vwawa kwa fundi wa pikipiki. Kwa hiyo asilimia 95 walifikia lengo wakiwa wamelalia madawati.

Nawadharau, Mjomba. Najua siyo neno la kumwandikia mkubwa. Nikiitwa ofisini sina hata neno mdomoni, nasema tu ndiyo mwalimu, asante mwalimu, na kutoka kinyumenyume. Ndiyo maana nakuandikia wewe.

Kaunta buku yako ya maandalio uliyoniazima Krismasi ninayo. Nimeisoma mara tatu kama kitabu cha hadithi. Nitairudisha.

Barua hii lazima ipitie kwa Mama Tunduma ndiyo Jonasi wa gari la viazi aichukue, na najua Mama ataifungua. Mama, kama unasoma, shikamoo tena.

Mpwa wako,
Tumpe


Ibaba,
2 Machi 2025

Mpwa wangu Tumpe,

Marahaba. Barua yako imenifikia ikiwa na alama ya dole gumba lenye mafuta ya maandazi, kwa hiyo mama yako ameisoma, na dada yangu huyo hafichi kitu. Jonasi ameileta kwenye gari lake la viazi. Barabara imekatika sehemu mbili, alilala njiani.

Huku mvua haijatupa nafasi. Viazi vya Bibi vimeoza upande wa bondeni, vya juu viko salama. Miguu yake ni ileile. Anauliza kama huko Isansa mnakula au mnasoma tu. Nilipomwambia kwamba unawaandikia walimu kazi zao, alisema, "Basi na mshahara wampe." Nimekuandikia kama alivyosema.

Mimi nakuuliza kitu kingine. Anayekutuma kujaza tathmini ya kipindi ambacho hakijafundishwa ni mjinga, sawa. Anayejaza je? Huna haja ya kunijibu. Fikiri tu unapoosha vyombo.

Hilo Ghala limefika hata huku. Mtandao unapatikana nyuma ya kanisa, juu ya lile jiwe kubwa. Nikisimama pale nikielekea Malawi napata vijiti viwili. Nikigeukia shuleni kwangu, hakuna kitu. Wenye mradi walipokuja kutufundisha walikaa saa tatu, mbili zikaishia kwenye kutafuta chaji. Wiki iliyofuata mkuu wangu wa shule akaniita.

"Lusubilo, una sifuri."

"Sifuri ya nini, mkuu?"

"Kwenye Ghala. Mwenzako wa Kemia ana maandalio arobaini."

"Mwenzangu wa Kemia hajaingia darasani tangu Januari."

"Lakini ana arobaini," akasema, na uso wake haukucheka.

Amenipa mpaka tarehe 30 Aprili niwe nimepakia maandalio kumi. Nikishindwa, kuanzia Juni naondolewa kwenye ratiba na kukabidhiwa stoo ya chakula, nigawe mahindi na maharage. Anasema mwalimu asiyeonekana kwenye mfumo ni kama hafundishi. Nimefundisha miaka kumi na tisa, Tumpe. Kazi nyingine siijui na siitaki.

Kwa hiyo naihitaji ile kaunta buku. Nitaanza na somo la jembe, la vyanzo vya historia. Unalikumbuka. Naweka mezani jembe la mama yangu, lililolika mpaka limebaki ukubwa wa kiganja, na sisemi ni la nani. Nawaambia wanafunzi wa kidato cha kwanza walisome kama barua. Halafu nanyamaza dakika tatu kamili. Hiyo ndiyo sehemu ngumu ya somo, mwalimu kunyamaza. Mwaka juzi mtoto mmoja aliligeuza akasema, "Limelika upande mmoja. Huyu alikuwa anatumia mkono wa kushoto." Mimi nimekua na mama yangu na sikuwahi kuliona hilo kwenye jembe. Nililiona kwenye mkono wake tu.

Ukimpata mtu wa kuja Tunduma, mpe kaunta buku ampe mama yako, Jonasi ataileta.

Mjomba wako,
Lusubilo


Isansa,
23 Machi 2025

Mjomba Lusubilo,

Shikamoo. Barua yako ilikaa kwa Mama siku kumi kwa sababu hakumpata mtu wa kuja huku, kisha ikaja ikiwa imekunjwa ndani ya kitenge. Nimefurahi kusikia viazi vya juu vimepona. Mwambie Bibi tunakula. Jumatano tulikula wali. Brenda alipata malaria, amepona, sasa anaongea maradufu kufidia siku alizonyamaza.

Kaunta buku sijaituma. Tuna mitihani ya nusu muhula na sijapata mtu ninayemwamini. Jonasi ni mwaminifu ila gari lake linavuja, wewe mwenyewe umesema mvua ni nyingi. Naona afadhali nije nayo mwenyewe likizo ya Juni.

Najua umesema tarehe 30 Aprili.

Hapa mambo ni yaleyale. Mwalimu Edson amekuwa mtu mkubwa. Andalio lake moja limepata nyota zote tano na limepakuliwa mara mia nne na sita. Kila asubuhi anaingia ofisini na kuuliza, "Leo tumefika ngapi?" kama mtu anayeuliza matokeo ya mpira. Jana mwalimu wa Jiografia alimchokoza nikiwa napeleka madaftari.

"Edson, hilo somo lako la nyota tano, umeshalifundisha?"

"Somo zuri halina haraka."

"Kwa hiyo watu mia nne wanalifundisha na wewe hujalifundisha."

"Mimi ni mbunifu, bwana. Mafundi wapo."

Wote wakacheka, na mimi nikaweka madaftari nikatoka. Mbunifu. Huyu ni mtu ambaye akitafuta herufi kwenye kibodi anaitafuta kama mtu aliyedondosha sindano. Nywila ya akaunti yake naijua mimi kuliko yeye. Ni neno edson mara mbili.

Uliniambia nifikiri ninapoosha vyombo. Nimefikiri. Sijapenda nilichokifikiri.

(Hapa nimefuta mistari minne. Samahani kwa uchafu.)

Umesema Bibi anatumia mkono wa kushoto. Mimi nilikuwa najua.

Mpwa wako,
Tumpe


Ibaba,
27 Aprili 2025

Tumpe,

Marahaba. Bibi hajambo. Mvua imepungua.

Kwa kuwa kaunta buku haikuja, maandalio niliyaandika upya kwa kukumbuka. Kwa wiki tatu nilikuwa napanda kwenye jiwe kila asubuhi kabla ya kipindi cha kwanza. Wanafunzi wakaanza kuniita Mwalimu wa Mlima, wakidhani sisikii. Tisa yalipita. La kumi lilikuwa la jembe, nililiweka mwisho kwa sababu nililipenda.

Mfumo ulilikataa. Ukaandika kwamba andalio langu linafanana kwa asilimia tisini na moja na lililopo, na kwamba mwandishi wa lililopo ni Mwalimu Edson wa Isansa, tangu tarehe 19 Januari. Kisha akaunti yangu ikafungwa kwa kosa la udanganyifu, na yale tisa yakafungwa nayo.

Nililisoma hilo lililopo nikiwa nimesimama palepale juu ya jiwe. Ni zuri. Limechapwa bila kosa, nukta zote mahali pake. Limebadilishwa neno moja, mama yangu amekuwa bibi yake.

Mkuu wangu amefurahi kama mtu aliyeshika mwizi wa kuku. Ameniambia, "Bora ungebaki na sifuri." Kuanzia tarehe 2 Juni mimi ni wa stoo. Bado naweza kujitetea, amesema, nikileta ushahidi. Nilimwambia ushahidi upo, ila uko mbali kidogo.

Nilimsomea Bibi yako lile andalio. Alisikiliza mpaka mwisho, akauliza, "Kwa hiyo huko Isansa kuna mtu ana jembe langu?" Nikamwambia hapana, Mama, jembe lako liko hapa chini ya kitanda. Akasema, "Basi huyo mtu ana nini?"

Sikuulizi kitu. Naomba tu kaunta buku yangu.

Lusubilo


Isansa,
11 Mei 2025

Mjomba Lusubilo,

Shikamoo. Nimepata barua yako juzi. Safari hii Mama hakuifungua, au aliifungua akaigandisha vizuri. Sina habari za nyumbani za kuandika. Nakuandikia kuhusu tarehe 19 Januari.

Ilikuwa Jumapili. Mwalimu Edson alitakiwa awe na andalio lake mwenyewe kwenye Ghala kabla ya Jumatatu, lisilopakuliwa kwa mtu, kwa sababu wenye mradi walisema watachagua shule moja ya mfano. Akaniambia nimtafutie. Nikamwambia sina. Siyo kweli, nilikuwa na kaunta buku yako chini ya mto. Nilikaa saa nzima mbele ya kompyuta nikiona yaliyomo kwenye lile Ghala, masomo mamia kwa mamia yanayosema "mwalimu ataeleza, wanafunzi watasikiliza", na nikawaza kwamba hakuna mtu hata mmoja amewahi kuona somo la jembe isipokuwa watoto wa Ibaba. Nikataka waone. Huo ndiyo ukweli wa kwanza. Nikalichapa lote, na chini kabisa nikaandika kwamba limetungwa na Mwalimu Lusubilo wa Ibaba.

Mwalimu alisoma mstari huo wa mwisho akaniambia, "Huyu tunamtaja wa nini? Mfumo unaweka jina wenyewe." Na kweli, sehemu ya mwandishi ilikuwa imeshajijaza jina la mwenye akaunti. Akafuta mstari wangu kwa kidole kimoja, taratibu. Akabadilisha mama akaweka bibi. Nilikuwa nimesimama nyuma yake. Sikusema kitu.

Ukweli wa pili ni huu. Alinipa ufunguo wa chumba cha kompyuta. Alisema mimi ni mtu wa maana, siyo mtoto, niwe naingia muda wowote mchana. Kwenye kompyuta ile kuna vitabu mia mbili na kitu ambavyo havipo kwenye maktaba yetu. Nimesoma thelathini na moja. Kila nilipofungua mlango ule nilijua naufungua kwa somo lako.

Nimewadharau walimu wa hapa tangu kidato cha kwanza, na kila walichofanya nilikifanya mimi kwa mkono wangu.

Sasa nikuambie walichofanya na somo lako. Mwishoni mwa mwezi wa tatu aliamua alifundishe mara moja, ili apige picha. Mimi niliitwa kushika kamera. Jembe hakuwa nalo, kwa hiyo alimtuma mtu dukani. Likaletwa jembe jipya kabisa, jekundu, na karatasi ya kiwandani bado imebandikwa. Akaliweka mezani mbele ya watoto arobaini na wawili, akafungua kishikwambi na kuanza kusoma: "Mwalimu ataweka jembe mezani. Mwalimu atanyamaza dakika tatu." Akasoma hivyohivyo, kwa sauti. Halafu hakunyamaza hata sekunde tatu. Akasema, "Sasa mnaona jembe hili la bibi yangu limelika sana."

Mtoto mmoja wa mbele anaitwa Masudi, baba yake ni dereva wa malori. Akasema, "Mwalimu, mbona lina karatasi?"

"Wewe unasoma au unaleta biashara?"

"Nasoma, mwalimu."

"Limelika upande mmoja. Andikeni. Aliyelitumia alikuwa mtu wa mkono wa kushoto."

Wakaandika. Wote arobaini na wawili waliandika kwamba jembe jipya limelika, na kwamba mwenyewe alikuwa wa mkono wa kushoto. Nimeyaona madaftari yao, nimeyasahihisha mimi. Wote niliwawekea alama ya vema.

Ijumaa tarehe 23 wageni wa mradi wanakuja kumwona akilifundisha tena, ili shule ipewe kompyuta kumi na yeye awe mkufunzi wa walimu wengine. Mimi nitakuwa kwenye projekta. Ameniambia nijaze tathmini mapema.

Kaunta buku nilitaka kuituma leo na barua hii. Nimeiweka na kuitoa kwenye bahasha mara mbili. Ikija kwako, huku hakutabaki kitu kinachoonyesha ukweli isipokuwa mdomo wangu, na wewe unaujua mdomo wangu. Nivumilie mpaka tarehe 23. Sijui nitafanya nini. Ukiniambia ninyamaze nitanyamaza, ukiniambia niseme nitajaribu.

Tumpe


Tunduma,
20 Mei 2025

Tumpe mwanangu,

Hujambo. Mimi sijambo. Mjomba wako hajaandika barua. Nimemuuliza Jonasi, amesema hakupewa karatasi yoyote, amepewa hiki tu. Amesema mjomba wako alikaa nacho mlangoni kwa muda, halafu Bibi ndiye aliyekichukua na kukifunga kwenye kiroba. Wateja wangu wamenicheka, wananiambia Mama Tumpe, siku hizi unauza vyuma chakavu.

Nimekitunza usiku mmoja nikaona ni jembe la mama yangu. Mimi nimelimishwa na hilo jembe. Sijui ninyi wawili mna mambo gani na sijafungua barua yako ya mwisho, ilikuwa nzito mkononi.

Kula vizuri. Karanga zimo.

Mama yako,
Fides


Isansa,
1 Juni 2025

Mjomba Lusubilo,

Shikamoo. Shikamoo na kwa Bibi. Kiroba kilifika Alhamisi, siku moja kabla ya wageni. Nilikifungulia bafuni ili Brenda asione, lakini aliona, akasema, "Wewe watu wanaletewa mikate, wewe unaletewa jembe bovu." Nikamwambia siyo bovu, limemaliza kazi. Ndiyo mara ya kwanza nimemjibu mtu hapohapo.

Nakuandikia kilichotokea kwa mpangilio wake.

Ijumaa wageni walikuja watatu, mwanamke mmoja na wanaume wawili. Mwanamke ndiye mkubwa wao, anaitwa Bi. Zakia. Walikaa nyuma ya darasa. Mwalimu Edson alivaa tai. Jembe lilikuwa lilelile jekundu, ila safari hii alikuwa ameondoa karatasi na kulipaka tope. Tope lilikuwa bado bichi, likawa linadondoka kwenye kitambaa cha meza. Mimi nilikaa pembeni kwenye projekta, na kiroba kilikuwa miguuni pangu. Tathmini sikuijaza. Aliniuliza mlangoni kama iko tayari, nikasema ndiyo mwalimu.

Alikuwa ameambiwa kwamba wageni wanataka kuona zile dakika tatu, kwa hiyo alinyamaza kweli. Akawa anaangalia saa yake. Watoto walikuwa wanaangalia jembe lenye tope na hakuna aliyekuwa na la kusema, maana halikuwa na kitu cha kusomwa. Bi. Zakia aliandika kitu kwenye daftari lake.

Dakika ya kwanza ikapita. Ya pili pia. Halafu nikachukua kiroba, nikatembea mpaka mbele, nikatoa jembe la Bibi na kuliweka mezani kando ya lile jekundu. Mwalimu Edson akasema kwa sauti ya chini, "Tumpe, rudi." Sikurudi, lakini sikuongea pia. Nilikuwa nimesahau maneno yote niliyopanga.

Aliyeongea ni Masudi. Alinyanyuka kwenye kiti bila kunyoosha mkono, akasema, "Hili ndiyo limelika." Mwenzake akasema limebaki kama kijiko. Wakaanza kulisogelea. Msichana mmoja alilishika akajaribu kulima hewani kwa mkono wa kulia, akasema linakataa, likishikwa hivi upande uliolika unakuja juu. Akabadilisha mkono. Akasema, "Kushoto linakubali." Watoto wakamwangalia Mwalimu, kisha wakaangalia madaftari yao ya Machi, ambako walikuwa wameshaandika jibu hilo bila kuliona popote.

Bi. Zakia akauliza, "Hili ni la nani?"

Mwalimu Edson akasema, "La bibi yangu. Huyu msichana ndiye anayenitunzia vifaa."

Nikasema, "Ni la bibi yangu mimi. Yuko Ibaba, yuko hai. Andalio ni la mjomba wangu, Mwalimu Lusubilo. Mimi ndiye niliyelichapa kwenye akaunti ya Mwalimu bila kumwomba mwenyewe. Kaunta buku aliyoliandikia mwaka 2016 ni hii."

Ilikuwa ndani ya sweta. Nikaitoa ikiwa na joto langu.

Mwalimu Edson alicheka kidogo, akawaambia wageni, "Mtoto huyu ana matatizo ya aibu, huwa haongei." Bi. Zakia akamjibu, "Leo ameongea."

Bi. Zakia alisoma kaunta buku ukurasa kwa ukurasa akiwa amesimama. Pale ulipoandika tarehe, akapiga picha. Pale ulipochora jembe, akapiga picha. Aliniambia niandike maelezo yangu kwa mkono na kuyasaini, na niandike kila andalio nililomwandikia mwalimu yeyote. Nilitumia kurasa sita. Alisema atampigia mkuu wako na akaunti yako itafunguliwa wakishathibitisha. Sijui kama atafanya hivyo. Nimeshaona watu wengi wakiandika kwamba lengo limefikiwa. Kwa hiyo maelezo yangu niliyanakili mara mbili, na nakala moja iko ndani ya kaunta buku, imesainiwa, umpelekee mkuu wako mwenyewe, hata kama ameshakupa ufunguo wa stoo.

Shule haikupata kompyuta. Kwa hilo bweni zima halisemi na mimi, isipokuwa Brenda, ambaye hawezi kutosema. Mwalimu Edson anaendelea kufundisha, na juzi nilisikia amepata msichana mwingine wa kidato cha kwanza mwenye mwandiko mzuri. Nilimtafuta huyo msichana wakati wa chai nikamweleza yote. Alinisikiliza akasema, "Asante dada." Sijui atafanya nini.

Ufunguo wa chumba cha kompyuta niliurudisha kwa mkuu wa shule siku ileile jioni. Kuna kitabu nilikuwa nimekifikisha katikati.

Adhabu yangu ilikuwa kulima kipande cha nyuma ya jiko, hatua ishirini kwa kumi, kwa kuiaibisha shule mbele ya wageni. Walinipa lile jembe jekundu kwa kuwa ndilo lililokuwepo. Nilianza Jumatatu na kumaliza Jumatano. Limeanza kuchubuka rangi.

Alhamisi nilifunga jembe la Bibi kwenye kiroba chake, pamoja na kaunta buku na barua hii ambayo nilikuwa nimeianza. Leo nimeimalizia. Kesho asubuhi naomba ruhusa, nakwenda mpaka Tunduma kwa Mama, na kutoka hapo napanda gari la Jonasi nivilete mwenyewe.

Tumpe